Jina la Mhusika na Jina la Mwigizaji: Elfie Fiegert katika Sinema ya Ujerumani Magharibi, 1952–1961

Historia ya sinema ya Ujerumani baada ya Vita Vikuu vya Pili vya Dunia huandikwa zaidi kupitia majina ya waongozaji na nyota wakubwa. Elfie Fiegert, aliyezaliwa mwaka 1946, hatajwi sana humo, ingawa alibeba filamu nzima akiwa bado mtoto mdogo.

Filamu hiyo ni *Toxi*, iliyoongozwa na R. A. Stemmle na kuonyeshwa kuanzia Agosti 1952. Wakati wake haukuwa wa bahati nasibu. Mwaka huo kundi la kwanza la watoto waliozaliwa na mama Wajerumani na baba askari weusi wa Marekani lilikuwa linaanza shule. Mwezi Machi mbunge Luise Rehling alikuwa amelieleza Bunge kwamba watoto hao ni 3,093, akaongeza kuwa hata hali ya hewa ya Ujerumani haiwafai. Ikumbukwe kwamba alikuwa akizungumzia watoto waliozaliwa hukohuko, wenye Kijerumani kama lugha yao ya kwanza na, kisheria, uraia wa mama zao.

Katika hadithi, Toxi anaachwa mlangoni pa familia yenye nafasi yake. Wakubwa wanabishana: mmoja hataki watoto wake wachangamane naye, babu anamtetea. Chuki inayeyuka pole pole mbele ya upole wa mtoto. Hata hivyo, waandishi wa filamu hawakuthubutu kumwacha abaki. Watoto wanapoigiza mchezo wa Mamajusi, mtoto mweupe amepakwa weusi na Toxi amepakwa weupe. Ndipo baba yake, aliyeigizwa na Al Hoosman, anapotokea kumchukua kwenda Marekani. Huruma ya filamu ni ya kweli, lakini ni huruma ya kumsindikiza mgeni hadi kizingitini.

Kilichofuata kinamhusu zaidi mtafiti wa lugha. "Toxi" lilivuka mipaka ya filamu: magazeti yalimwita Fiegert kwa jina hilo, na likawa pia jina la jumla la watoto wa asili kama yake. Nomino ya pekee iligeuka kuwa nomino ya kawaida, na mwenye uso huo akabaki bila jina mbele ya hadhira. Wapo watakaosema kwamba nyota wengi wa utotoni hupatwa na hayo. Lakini ni wachache ambao jina la uhusika wao hugeuzwa lebo ya kundi zima.

Nafasi zilizofuata zilikuwa finyu. Katika *Der dunkle Stern* (1955) aliigiza msichana aliyelelewa kijijini Bavaria, ambaye hatimaye anaelekezwa kwenye sarakasi. Mwaka 1961, katika *Unser Haus in Kamerun* ya Alfred Vohrer, alipewa sehemu ndogo tu, safari hii katika hadithi ya Wajerumani walowezi katika nchi iliyowahi kuwa koloni lao.