Mwendo wa Siku Ngapi Hadi Gisenyi?

Mwanafunzi wa Rubavu, Rwanda, hufundishwa kwamba umbali ni mwendokasi mara muda, na aghalabu huiona kanuni hiyo kama kitu kilichokuja na shule. Sikubaliani. Kiswahili cha misafara kilikuwa nayo zamani, imekaa ndani ya neno moja: mwendo. Aliyeuliza Ziwa Kivu liko mbali kiasi gani alijibiwa kwa siku, na jibu lilimtosha, kwa kuwa kila mtu alijua mpagazi mwenye mzigo wa kilo 30 hivi kichwani anakwendaje tangu alfajiri hadi jua lipambe moto. Kasi ilikuwa moja, haikuhitaji kutajwa. Ulibaki muda, nao ukashika nafasi ya umbali.

Atasema mtu kwamba siku si kipimo: siku ya masika si ya kiangazi, na kupanda mlima si kutambaa bondeni. Ni kweli, ila hapo ndipo ulipo ubora wake. Kwa mfano, msafiri Mjerumani Gustav Adolf von Götzen aliondoka Pangani, pwani, Desemba 1893, akafika Kivu Juni 1894. Kwa mstari ulionyooka, kutoka Pangani hadi Gisenyi, ukingoni mwa ziwa hilo, ni kilomita 1,150 hivi. Zigawe kwa siku 180, unapata kilomita 6 na kidogo kwa siku. Hakuna mpagazi aliyejikokota hivyo. Siku ya kutembea ilimaliza kilomita 15 au 20. Pengo hilo ni njia kuzunguka, watu kupumzika, chakula kutafutwa, na ruhusa kuombwa kwa wenye nchi, Mwami (mfalme) Kigeli Rwabugiri wa Rwanda akiwa mmoja wao. Kilomita haibebi hayo, siku inayabeba. Na mkuu wa msafara aliyegawa posho kila siku alitaka kujua siku ngapi zimebaki. Kilomita hazikumsaidia kupima nafaka.

Kilichouvunja utaratibu huo ni gari. Mtembea kwa miguu, baiskeli na lori walipoanza kupishana kwenye barabara moja, "mwendo wa siku tatu" ulikosa maana mpaka useme ni mwendo wa nani. Ikabidi kasi itajwe, ndipo tukawa na neno mwendokasi, ambalo leo Dar es Salaam ni jina la mabasi. Kigali hadi Gisenyi kupitia Musanze ni kilomita 150 hivi: wiki nzima kwa mpagazi, asubuhi moja kwa basi.

Mwalimu na aanzie hapo, kwenye swali la nani anakwenda na kwa muda gani, kabla ya kuandika herufi yoyote. Basi moja liondoke Gisenyi saa 12 asubuhi likienda kilomita 40 kwa saa, jingine liondoke Kigali wakati huohuo kwa kilomita 35. Hatujui muda, lakini tunajua ni mmoja kwa yote mawili, tuuite t. Njia yaliyoigawana ni moja, kwa hiyo 40t + 35t = 150. Yatapishana saa 2 asubuhi, kilomita 80 kutoka Gisenyi, basi la Gisenyi likiwa limeshaipita Musanze.