Kamakura: Utulivu Uliojengwa na Watu wa Vita

Treni ya kutoka Tokyo huchukua takriban saa moja kufika Kita-Kamakura, na abiria anayeshuka hapo hana haja ya kuuliza njia. Lango la hekalu la Engakuji liko hatua chache tu kutoka stesheni. Wageni wanaotembezwa kwa miguu katika mahekalu ya mji huu hukusanyika hapo asubuhi, wakaelezwa namna ya kuinama na mahali pa kuvua viatu, kisha wakapandishwa ngazi. Ni wachache wanaogeuka nyuma. Wangegeuka wangeona kwamba reli waliyojia imekata ardhi ya hekalu lenyewe, na kwamba bwawa la Engakuji limebaki ng'ambo ya pili. Mwaka 1889 serikali ilikuwa na haraka ya kuiunganisha Tokyo na kituo cha jeshi la majini cha Yokosuka, na haraka ya jeshi haikuzunguka hekalu la mtu.

Ninaanza na reli kwa sababu matembezi haya huuzwa kwa neno moja: utulivu. Mgeni huahidiwa misitu ya mierezi, harufu ya ubani na nusu saa ya kukaa kimya chini ya uangalizi wa mtawa. Vyote hivyo atavipata. Lakini utulivu wa Kamakura una wenyewe walioujenga, nao walikuwa watu wa upanga.

Minamoto no Yoritomo aliingia hapa mwaka 1180, akiwa vitani na ukoo wa Taira. Alipachagua kwa jicho la mpiganaji: vilima pande tatu, bahari upande wa kusini. Aliyetaka kuingia kwa nchi kavu ilimbidi apite katika vipenyo vyembamba vilivyochongwa kwenye miamba, ambavyo desturi huvihesabu kuwa 7. Mwaka 1192 mfalme, aliyebaki Kyoto na heshima zake zote, alimpa Yoritomo cheo cha shogun, yaani mtawala wa kijeshi, na kwa karibu karne moja na nusu amri zilizoiendesha Japani zilitoka katika bonde hili. Ukoo wa Yoritomo haukudumu. Mwanawe Sanetomo, shogun wa tatu, aliuawa mwaka 1219 na mpwa wake mwenyewe nje ya patakatifu pakuu pa mji, Tsurugaoka Hachimangu. Madaraka yakashikwa na wakwe, ukoo wa Hojo, na hao ndio walioileta Zen, tawi la Ubudha linalokazia kutafakari, mjini kwa nguvu zote.

Hojo Tokiyori alimkaribisha mtawa wa Kichina Lanxi Daolong, ambaye Wajapani humwita Rankei Doryu, akamjengea hekalu la Kenchoji lililokamilika mwaka 1253. Kenchoji ni kituo kikubwa cha matembezi haya, dakika kama 20 kwa miguu kutoka Engakuji. Mwongozaji yeyote atakuonyesha miti ya mreteni inayosemekana kuota kwa mbegu zilizotoka China, na kengele ya mwaka 1255. Mwongozaji mzuri atakwambia pia kwamba bonde hilo liliitwa Bonde la Jehanamu, kwa kuwa hapo ndipo wahalifu walipokatwa vichwa. Ndiyo maana sanamu kuu katika ukumbi wake ni ya Jizo, mwenye huruma kwa walioko motoni, ingawa mahekalu mengi ya Zen humweka Budha Shaka mahali hapo. Walioanza kukaa kimya Kenchoji walikaa juu ya ardhi iliyokunywa damu, na walilijua hilo.

Engakuji nayo ilizaliwa na vita. Mwaka 1274 majeshi ya Kubilai Khan yalishuka pwani ya Kyushu, yakarudi tena mwaka 1281 kwa wingi zaidi. Aliyebeba mzigo wa kuyakabili alikuwa Hojo Tokimune, mtoto wa Tokiyori, aliyeshika uongozi akiwa kijana wa miaka 18 hivi. Mwaka 1279 alimwita kutoka China mtawa Wuxue Zuyuan, yaani Mugaku Sogen, awe mwalimu wake. Husimuliwa kuwa Mugaku, askari wa Wamongoli walipovamia hekalu lake kule China na kumwekea upanga shingoni, alitulia kama maji ya mtungi na kuwasomea shairi mpaka wakaondoka. Iwe ilitokea hivyo au imeongezwa chumvi, ndiye mwalimu ambaye kijana anayesubiri kuvamiwa angemtafuta. Mwaka 1282 Tokimune alijenga Engakuji ili kuwaombea waliokufa wa pande zote mbili, Wajapani na Wamongoli. Alikufa miaka miwili baadaye, akiwa na umri wa miaka 32 tu, na kaburi lake limo humohumo hekaluni.

Hapa ndipo matembezi husimama na wageni hufundishwa zazen, yaani kutafakari kwa kukaa. Mto wa duara huwekwa chini ya makalio, miguu ikakunjwa kadiri magoti yanavyoruhusu. Mgongo hunyooshwa, mikono ikalala mapajani, na macho hayafumbwi: hubaki nusu wazi, yakitazama sakafu hatua moja au mbili mbele. Kisha unahesabu pumzi, moja hadi kumi, na kurudi moja. Ukijikuta umefika 14, umeshapotea, anza upya. Wafuasi wa Rinzai, madhehebu ya Engakuji na Kenchoji, hukaa wakielekeana, tofauti na wenzao wa Soto wanaoelekea ukutani. Mtawa hupita polepole na ubao mrefu mwembamba. Anayesinzia, au anayehisi akili imetangatanga, hukutanisha viganja na kuinama, naye akapigwa begani. Sauti ya pigo hutisha kuliko maumivu yake. Muda hupimwa kwa kijiti cha ubani, na kikiisha kengele hulia.

Wengi huambiwa kwamba wanafanya kile walichofanya samurai. Kuna kweli ndani yake, lakini mlango wanaoingilia haukufunguliwa na samurai. Ulifunguliwa katika karne ya 19 na Imakita Kosen, mkuu wa Engakuji, aliyeanza kuwafundisha kwa dhati watu wasio watawa, wakiwemo wanafunzi wa vyuo vya Tokyo. Mrithi wake, Shaku Soen, alikwenda Chicago mwaka 1893 kuhutubia Bunge la Dini za Dunia, na aliyemtafsiria hotuba yake kwa Kiingereza alikuwa mwanafunzi kijana, D. T. Suzuki, ambaye vitabu vyake baadaye viliifanya Zen ijulikane Ulaya na Marekani. Mgeni anayetoka California kuja kukaa kimya Kamakura anairudisha njia ileile iliyokwenda kwao.

Na si kila aliyekaa alipata. Mwishoni mwa 1894 mwalimu mmoja wa lugha ya Kiingereza, Natsume Soseki, alipanga chumba katika moja ya mahekalu madogo ndani ya Engakuji, akapewa na Soen fumbo la kutafakari: sura yako ilikuwaje kabla wazazi wako hawajazaliwa? Jibu alilopeleka lilikataliwa, akarudi Tokyo mikono mitupu baada ya wiki kama mbili. Mwaka 1910 alitoa riwaya, Mon, yenye mhusika anayeyapitia yaleyale. Ningependa waongozaji wakitaje kisa hiki zaidi, hasa kwa wageni wanaoona aibu kwamba nusu saa yao iliishia kwenye ganzi ya miguu.

Ng'ambo ya barabara, Tokeiji hupitiwa haraka mno. Ilianzishwa mwaka 1285 na mjane wa Tokimune, ikawa hekalu la watawa wa kike, na kwa karne nyingi mwanamke aliyemkimbia mumewe akafanikiwa kuingia humo aliweza kupata talaka baada ya kukaa miaka mitatu hivi. Serikali ya Meiji iliiondolea haki hiyo katika miaka ya 1870. Kaburi la Suzuki liko nyuma yake.

Kutoka Kenchoji njia huteremka hadi Tsurugaoka Hachimangu, na hapa mwongozaji hubadilisha maelekezo. Sasa ni jinja, mahali pa miungu ya jadi ya Kijapani: nawa mikono, inama mara mbili, piga makofi mara mbili, inama tena. Kule ni Ubudha, hapa ni Shinto. Mgeni huondoka akiamini kwamba mstari huo ulikuwapo tangu zamani. Haukuwapo. Kwa karne nyingi Hachimangu ilikuwa jinja na hekalu kwa pamoja, watawa wa Kibudha wakihudumu humo, na pagoda kubwa ikisimama uwanjani. Mwaka 1868 serikali hiyo ya Meiji, iliyokuwa mpya na iliyotaka Shinto safi ya kumtukuzia mfalme, iliamuru dini hizo mbili zitenganishwe. Mwaka 1870 pagoda ilibomolewa pamoja na majengo mengine ya Kibudha, na vitu vya thamani vikatawanyika. Sanamu mbili za walinzi wa lango ziko leo katika hekalu la Jufukuji, upande wa pili wa reli. Matembezi yanayopitia kote kuwili asubuhi moja, kwa maoni yangu, yanaukaribia uchaji wa zamani kuliko mabango ya maelezo yanavyofanya.

Msitu ulio nyuma ya Hachimangu nao ulinusurika kwa kugombewa. Mwaka 1964 kampuni ilitaka kuufyeka na kujenga nyumba. Wakazi walisimama kuupinga, mwandishi Osaragi Jiro akiwa miongoni mwao, wakachanga fedha na kununua sehemu ya ardhi. Mwaka 1966 ikapitishwa sheria ya kulinda mandhari ya miji mikuu ya kale. Vijia vya vilimani vinavyotangazwa leo kama matembezi ya tafakuri visingekuwapo bila ugomvi huo.

Kijia kimojawapo huishia kwa Budha Mkuu wa shaba wa hekalu la Kotokuin, mwenye urefu wa zaidi ya mita 11 na uzito wa tani 121 hivi, ambaye kazi yake ilianza mwaka 1252. Watalii hukaa mbele yake wakiiga mkao wake, ingawa yeye ni Amida na hekalu lake si la Zen: hapo ibada ni kulitaja jina lake. Wataalamu wanaamini kwamba shaba yake ilipatikana kwa kuyeyusha sarafu za China, zilizoingia Japani kwa wingi wakati huo. Sarafu kama hizo, za enzi ya Song nchini China, zilifukuliwa Kajengwa, Makunduchi, kisiwani Unguja. Ufukweni Kamakura, karibu na mabaki ya gati ya mawe iliyojengwa mwaka 1232, maji yakitoka huonekana vigae vya vyombo vya kijani vya Longquan, ndugu wa vile vilivyofukuliwa Kilwa Kisiwani. Masoko yaleyale ya China yaliilisha pwani ya samurai na pwani yetu.

Mahali ambapo ziara nyingi hazifiki ni Toshoji, mwendo mfupi mashariki ya Hachimangu. Lilikuwa hekalu la Zen la ukoo wa Hojo. Mwaka 1333 majeshi ya jemadari Nitta Yoshisada yalipovunja ulinzi wa mji, mkuu wa ukoo huo, Hojo Takatoki, na watu wake walikimbilia humo, wakalichoma moto na kujiua. Masimulizi ya kale yanataja watu zaidi ya 870. Leo hapana jengo, ni uwanja wa majani na bango la maelezo, na hapana cha kupiga picha. Waongozaji husema wageni watachoka. Kutoka Hachimangu ni dakika 15, nami ningeipunguza saa ya kununua zawadi barabara ya Komachi ili dakika hizo zipatikane.