Wakati picha hazipiti: historia ya kufungwa kwa mitandao katika Kongo

Wasikilizaji wetu wa Kipese, na ninyi wahami mliopokelewa na jamaa huko Lubero, Butembo na Beni, kila mara mtandao unapolala swali ni lile lile: ni mnara umeharibika, ao ni serikali imefunga? Kuna tarehe ambazo jibu lake linajulikana.

Ruhusa ilikuwako hata kabla ya WhatsApp kufika kwetu. Sheria namba 013/2002 ya tarehe 16 mwezi wa 10 mwaka 2002, katika kipengele cha 46, iliipa serikali uwezo wa kukataza mawasiliano, yote ao sehemu, kwa sababu ya usalama wa raia ao ulinzi wa nchi, kwa muda ambao yenyewe itaamua. Barua moja kwa kampuni za simu ilitosha. Sheria mpya ya mwaka 2020 haikuondoa uwezo huo.

Tarehe 3 mwezi wa 12 mwaka 2011, siku chache baada ya uchaguzi, SMS zilikatwa nchi nzima, zikarudi karibu na mwisho wa mwezi. Walioumia zaidi walikuwa viziwi. Wewe na mimi tungeweza kupiga simu, lakini wao SMS ndiyo ilikuwa sauti yao. Mwezi wa 1 mwaka 2015, watu walipoandamana kupinga mswada wa sheria ya uchaguzi, intaneti pia ikaenda. Ya mabenki na maofisi ilirudi baada ya siku chache. Ya simu za mkononi ilisubiri hadi mwezi wa 2.

Kisha ikaja akili nyingine: kuacha maneno yapite, kuzuia picha. Mwezi wa 12 mwaka 2016, muhula wa Rais Kabila ukikaribia kwisha tarehe 19, ARPTC, mamlaka inayosimamia posta na simu, iliamuru kampuni zizuie picha, video na sauti kwenye mitandao ya kijamii. Tarehe 7 mwezi wa 8 mwaka 2017, siku ya machafuko yaliyoua watu Kinshasa, mkubwa wake Oscar Manikunda Musata aliandika tena: uwezo wa kutuma picha upunguzwe kabisa. Namna yake ni rahisi. Mesaji ya maandishi ni nyepesi, picha ni nzito, video ni nzito zaidi. Ukipunguza mwendo wa njia, maandishi yanapenya na picha inabaki inazunguka tu.

Kwetu jambo hili si mchezo. Tangu mwezi wa 10 mwaka 2014 raia wanauawa katika eneo la Beni, na kuna jamaa waliomjua mtu wao kwa picha ya simu tu, kwa rangi ya shati ao kitenge. Kweli, uongo pia unapita njia hiyo hiyo: maiti za nchi nyingine zinaitwa za Beni, sauti ya mtu asiyejulikana inaleta hofu mjini mzima. Siwatetei wanaofanya hivyo. Lakini ukifunga njia, anayekanusha uongo anafungiwa pamoja na anayeueneza.

Mwaka 2018 ulituonyesha. Ebola ilitangazwa tarehe 1 mwezi wa 8. Tarehe 26 mwezi wa 12, CENI ilisogeza uchaguzi wa Beni na Butembo hadi mwezi wa 3, kwa sababu ya Ebola na usalama, huku nchi nyingine ikipiga kura tarehe 30. Siku hiyo watu wa Beni walipanga mistari na kupiga kura yao wenyewe, na picha zikaonekana duniani. Kesho yake intaneti ilikatwa nchi nzima. Mshauri wa rais, Barnabé Kikaya, alieleza kwamba matokeo ya uongo yalikuwa yanazunguka. Hapa kwetu wakati huo wagonjwa wa Ebola walikuwa bado wanatafutwa nyumba kwa nyumba. Mtandao ulirudi karibu tarehe 20 mwezi wa 1, Mahakama ya Katiba ilipothibitisha ushindi wa Félix Tshisekedi. Aliapishwa tarehe 24. Beni na Butembo walipiga kura tarehe 31 mwezi wa 3, ya wabunge tu.

Watu hawakukaa kimya. Walio karibu na mipaka walitia kadi za simu za Uganda ao Rwanda wakatafuta mnara wa ng'ambo. Wengine walijifunza VPN, inayosaidia pale tovuti fulani imezuiwa, lakini ikikatwa intaneti yote haina kazi. Na kuna njia ya zamani ya vijana wetu: Bluetooth na kadi memori, simu hadi simu, kama wanavyogawana nyimbo. Picha inayosafiri hivyo haihitaji mnara, inahitaji mtu wa kuibeba.

Mwanzoni mwa mwaka 2025, Goma ilipochukuliwa na M23, X na TikTok zilizuiwa nchini na wengi wakakimbilia tena VPN. Kwa jamaa waliotawanyika tangu Kanyabayonga ilipoanguka mwezi wa 6 mwaka 2024, mzee asiye na simu kubwa hakuona tofauti yoyote. Yeye anangoja jina la mtoto wake lisomwe kwenye redio.