Mwanariadha na Heshima ya Taifa

Tanganyika ilipokuwa Jamhuri mwaka 1962, iliundwa Wizara ya Utamaduni wa Taifa na Vijana. Tangu hapo michezo imehesabiwa miongoni mwa mambo yanayolitambulisha taifa letu mbele ya mataifa mengine. Wengi hudhani kwamba utambulisho huo hupatikana kwa ushindi peke yake. Historia ya Filbert Bayi yatufundisha vingine.

Tarehe 2 Februari, 1974, katika Michezo ya Jumuiya ya Madola mjini Christchurch, New Zealand, Bayi aliongoza mbio za mita 1,500 tangu mwanzo hadi mwisho. Alitumia dakika 3 na sekunde 32.2, akavunja rekodi ya dunia. Nyuma yake alifika John Walker, mwana wa nchi hiyo hiyo. Wapenzi wa riadha wakatazamia kuwaona tena pamoja katika Olimpiki ya Montreal, mwaka 1976.

Hawakuwaona. Mwaka ule timu ya raga ya New Zealand ilikwenda kucheza Afrika Kusini, wakati damu ya wanafunzi wa Soweto ilikuwa haijakauka. Tanzania na nchi nyingine nyingi za Afrika zilidai New Zealand izuiwe kushiriki Olimpiki. Dai lilipokataliwa, zilisusia. Walker akatwaa dhahabu, Bayi hayupo.

Wako waliosema kwamba siasa isichanganywe na michezo. Lakini ni Makaburu waliotangulia kuichanganya, kwa kuwachagua wachezaji kwa rangi ya ngozi. Dar es Salaam, makao ya Kamati ya Ukombozi ya Umoja wa Nchi Huru za Afrika, isingeweza kulifumbia macho jambo hilo.

Hata hivyo, yatupasa kukiri kwamba uamuzi ulikuwa wa taifa zima, bali gharama yake iliwaangukia wanariadha. Mwaka 1980, huko Moscow, Bayi alipata medali ya fedha katika mita 3,000 kuruka viunzi na maji, na Suleiman Nyambui akapata ya fedha katika mita 5,000. Hadi leo Tanzania haijapata medali nyingine ya Olimpiki.

Wahenga walisema, mcheza kwao hutunzwa. Nasi twaongeza kwamba aliyeacha kucheza kwa ajili ya kwao astahili kutunzwa zaidi.