Hugo Bezdek, Mwenye Firasa ya Wachezaji

Zamani, kabla michezo ya Marekani haijagawanywa kila mtu na fani yake, mtu mmoja aliweza kuwafundisha vijana wa chuo mpira ule wa Kimarekani, uchukuliwao mikononi zaidi kuliko kupigwa kwa miguu, kisha, msimu ukishapita, akaingia katika besiboli na kulipwa kwa kazi ya kuzunguka viwanjani akitafuta vijana wanaostahili kununuliwa na timu kubwa. Hugo Bezdek alikuwa wa kizazi hicho, wala sidhani kwamba yupo aliyezishika kazi hizo mbili kwa ukamilifu kumshinda yeye.

Alizaliwa Prague mwaka 1884, mji huo ungali katika himaya ya Austria na Hungaria, akachukuliwa na wazee wake hadi Chicago angali mtoto. Katika Chuo Kikuu cha huko alipata elimu ya mchezo kwa Amos Alonzo Stagg, ustadhi ambaye nusu ya waalimu wa zama zile walijinasibu naye. Akawekwa nafasi ya nyuma, kazi ya mtu wa kifua na mabega, apewaye mpira ili auvunje ukuta wa mahasimu kwa mwili wake. Alikuwamo katika timu ile ya Novemba 1905 iliyowashinda Michigan 2 kwa 0, ushindi mdogo kwa hesabu lakini mkubwa kwa taathira, maana Michigan walikuwa wamecheza michezo 56 pasipo kushindwa.

Mwaka 1908 alikwenda kufundisha timu ya chuo cha Arkansas, na msimu wa 1909 akashinda michezo yote 7. Akawasifu vijana wake kwa kuwafananisha na kundi la nguruwe mwitu wa nchi ile, wenye migongo ya nywele ngumu, nao wenyeji wakaipenda sifa hiyo hata chuo kikaacha jina lake la kale, Cardinals, kikajiita Razorbacks mpaka hivi leo.

Tangu 1913 alikuwa mwalimu wa chuo cha Oregon, pwani ya Pasifiki, na hapo ndipo ilipojitokeza kazi yake ya pili, ya kuwatafutia Pirates wachezaji. Timu 16 za ligi kuu mbili za besiboli zilikuwa zote mashariki, wala hapakuwa na hata moja iliyovuka mji wa St. Louis kuelekea machweo ya jua. Basi tajiri kama Barney Dreyfuss, mwenye timu ya Pittsburgh Pirates, hakuwa na budi kuwa na mtu wa kuaminika huko mbali, atakayemtazama kijana asiyejulikana akitupa mpira katika uwanja wa vumbi, kisha atoe hukumu ambayo fedha za mwenziwe zitaifuata. Kazi hiyo yataka firasa. Wepesi wa mkono huonekana na kila mtu. Lililo gumu ni kukadiria kwamba kijana huyu, akishapata mafunzo na chakula na hofu ya kushindwa, atakuwaje baada ya miaka mitatu. Nami naona kwamba Bezdek aliipata firasa hiyo kwa kuwalea vijana wabichi wa vyuoni, ambako mwalimu hana hiari ya kununua wengine.

Mwaka 1917 ulimletea jaha mara mbili. Siku ya kwanza ya Januari, huko Pasadena, Oregon waliwashinda Pennsylvania, waliotukuzwa na watu wa mashariki, kwa 14 kwa 0. Na mwezi wa Julai Dreyfuss, baada ya kumwondoa Jimmy Callahan, na baada ya Honus Wagner mashuhuri kuuonja uongozi kwa michezo 5 tu akaukataa, alimkabidhi timu yake mtu ambaye hajapata kucheza ligi kuu hata siku moja. Pirates walimaliza mkiani mwaka ule. Lakini 1918 na 1919 walikuwa wa nne, nayo si fadhila ya kudharauliwa.

Akaiacha besiboli kwa ajili ya chuo cha Penn State, ambacho tangu 1918 alikuwa akikifundisha pamoja na Pirates. Kati ya 1919 na 1922 timu yake ilicheza michezo 30 bila kushindwa, na Januari 1923 ikaalikwa kucheza katika uwanja mpya wa Rose Bowl. Msongamano wa motokaa ukawachelewesha. Mwalimu wa Southern California, Elmer Henderson, akamtuhumu Bezdek kwamba amekawia makusudi ili jua lipoe, nao wakagombana hadharani. Penn State wakashindwa 14 kwa 3, na mchezo ukaisha usiku umekwisha kuingia.

Kilichomwangusha ni jirani. Aliwashinda Chuo Kikuu cha Pittsburgh 20 kwa 0 mwaka 1919, asiwashinde tena kamwe, na wahitimu wa chuo hawakumstahamilia. Baada ya msimu wa 1929 akaondolewa katika ualimu wa timu. Mwaka 1937 alichukua Cleveland Rams, wachezaji wa kulipwa, akashinda mchezo mmoja katika 14, kisha akaachishwa.

Alifariki Atlantic City mwezi wa Septemba 1952, na mwaka 1954 jina lake likatiwa katika Jumba la Fahari la mpira wa vyuo. Besiboli haikumpa heshima kama hiyo, ingawa mpaka leo hajatokea mwingine aliyeongoza timu ya ligi kuu ya besiboli na pia timu ya NFL, ligi ya mpira wa Kimarekani wa kulipwa.