Gordon Liu, mtawa wa chumba cha 36

Katika picha iliyompa jina, Gordon Liu anakaa muda mrefu bila kumpiga mtu. Anachota maji. Amebeba ndoo mbili, mikono kainyoosha huku na huku, na kila mkono umefungwa kisu ambacho ncha yake imeelekea mbavuni. Akichoka akashusha mkono, anajichoma mwenyewe.

Picha hiyo ni The 36th Chamber of Shaolin, iliyotoka Hong Kong mwaka 1978 chini ya kampuni ya Shaw Brothers. Liu ni kijana msomi ambaye watawala wa Kimanchu wamewaua watu wake. Anakimbilia hekalu la Shaolin ajifunze kupigana, na badala ya ngumi anapewa kazi. Chumba kimoja ni cha kupiga mifuko mizito kwa kichwa. Kingine ni cha kufuata mwanga kwa macho bila kugeuza shingo, huku vijiti vinene vya ubani vikiwaka kando ya uso, kushoto na kulia. Hata kwenda kula ni lazima avuke maji kwa kukanyaga magogo yanayoelea. Ngumi zinakuja baadaye, na zinapokuja tunaziamini, kwa sababu tumeona zilikotoka.

Mwongozaji Lau Kar-leung hakuyabuni haya hivi hivi. Baba yake, Lau Cham, alifundishwa na Lam Sai-wing, mwanafunzi wa Wong Fei-hung, mganga na bingwa mashuhuri wa kusini mwa China. Liu alianza kufunzwa na mzee Lau Cham tangu utotoni, hata akachukua jina la ukoo ambao hakuzaliwa ndani yake. Kwa hiyo mwaka 1976, alipoigiza Wong kijana katika Challenge of the Masters, alikuwa akimwigiza mwalimu wa mwalimu wa mwalimu wake. Mastelingi wengine wa kung fu walikuwa wepesi au wachekeshaji kuliko yeye. Lakini sijaona aliyemzidi kwa kuonyesha mtu anayejifunza: kushindwa, hasira, kisha ule utulivu wa aliyeelewa.

Mwaka 1983 mwigizaji mwenzake, Alexander Fu Sheng, alifariki kwa ajali ya gari wakati The Eight Diagram Pole Fighter ikiendelea kupigwa. Hadithi ikabadilishwa, na mzigo wa picha ukamwangukia Liu. Ilitoka 1984. Muda mfupi baadaye Shaw Brothers wakaacha kutengeneza filamu, naye akahamia zaidi kwenye tamthilia za televisheni.

Mwongozaji Quentin Tarantino, aliyezipenda picha hizo za kung fu, alimpa nafasi mbili katika Kill Bill: kiongozi wa genge mwaka 2003, na mwaka uliofuata Pai Mei, mzee mkali mwenye nyusi nyeupe. Pai Mei ndiye aliyekuwa adui katika Executioners from Shaolin ya 1977, ambamo mhusika wa Liu anauawa mapema. Sasa Liu ndiye mwenye ndevu, akimfundisha mhusika wa Uma Thurman kuvunja ubao kwa ngumi kutoka karibu kabisa. Mwaka 2011 alipatwa na kiharusi, kikamwondoa kwenye uigizaji.