Kidonge cha Bei Nafuu

Vijana wanaoajiriwa siku hizi kwenye kliniki za kifua kikuu wanaichukulia miezi sita ya dawa kama amri iliyoshuka mlimani pamoja na zile kumi. Ukimuuliza mmoja wao kwa nini sita, si mitano wala saba, atakufungulia mwongozo wa taifa na kukuonesha ukurasa. Ukurasa upo, ni kweli. Lakini mimi nilipoanza kazi ya uratibu wa kifua kikuu na ukoma wilayani, ukurasa huo ulisema kumi na miwili. Nikauona ukisema minane, nikastaafu ukisema sita. Kabla yangu ulisema kumi na minane. Na kila mara ulisema kwa sauti ile ile isiyo na shaka. Nataka kueleza sauti hiyo ilitoka wapi, maana sehemu kubwa yake ilitoka kwenye makohozi ya watu wetu.

Wakati dawa haipo, tiba ilikuwa hewa. Kibong'oto, kwenye miteremko ya Kilimanjaro, ilianza mwaka 1926 kama mahali pa kuwalaza wagonjwa wa kifua kikuu kwa imani iliyotawala Ulaya: ubaridi wa mlimani, kitanda, chakula, na subira. Wataalamu wote waliafikiana juu ya hilo, ila hakuna aliyekuwa amelipima. Aliyepona alikuwa ushahidi wa hewa. Aliyekufa alikuwa amechelewa kuja. Huko nyumbani ndugu zake walishaanza kugawana mashamba kimoyomoyo.

Kilichoivunja imani hiyo ni uhaba. Streptomisini ilipatikana Marekani mwaka 1943, na Uingereza iliyotoka vitani haikuwa na dola za kununulia ya kutosha. Austin Bradford Hill, mtaalamu wa takwimu aliyeugua kifua kikuu ujanani na kuikosa njia ya udaktari kwa sababu hiyo, alisema kama dawa haiwatoshi wote, basi kupiga kura si dhuluma. Wagonjwa 107 wakapigiwa kura: 55 wakapewa sindano na kitanda, 52 kitanda peke yake. Baada ya miezi sita walikuwa wamekufa 4 upande wa kwanza na 14 upande wa pili. Matokeo yalichapishwa mwaka 1948, na hadi leo utafiti huo husifiwa kama mama wa majaribio yote ya dawa. Kisichosimuliwa sana ni kwamba waliopewa sindano waliendelea kufuatiliwa, vimelea vya wengi wao vikawa sugu, na miaka mitano baadaye pengo la vifo kati ya pande mbili lilikuwa limepungua mno. Dawa moja peke yake ilikuwa imefundisha vimelea kuishi nayo. Ndipo likaja neno jipya la wataalamu: usitoe dawa moja kwa mgonjwa wa kifua kikuu, hata akikulilia.

Mwaka 1952 ikaingia isoniazidi, rahisi na yenye nguvu. Ilihitaji mwenza. Ulaya mwenza huyo alikuwa PAS, unga mchungu ambao mgonjwa alipaswa kumeza gramu kumi au zaidi kila siku kwa mwaka mzima na zaidi, tumbo likimkoroga. Nchi yenye mishahara na maduka ya dawa kila kona iliweza. Sisi hatukuweza, na Wahindi hawakuweza. Huko Madras, kuanzia mwaka 1956, Wallace Fox na wenzake waliwagawa wagonjwa kwa kura, nusu walale hospitali, nusu watibiwe nyumbani kwao, kwenye vyumba vilivyosongamana na chakula cha kubahatisha. Matokeo yalikaribia kulingana, na ndugu waliolala chumba kimoja na wagonjwa hawakuugua zaidi ya ndugu wa waliolazwa. Hewa ya mlimani ikapoteza kazi. Kama ningeombwa kuchagua utafiti mmoja uliookoa fedha nyingi za nchi maskini, ningechagua huo.

Kwa Afrika Mashariki swali lilibaki la mwenza. Palikuwa na thiasetazoni, dawa ya Gerhard Domagk wa Ujerumani ya miaka ya 1940, ambayo Wamarekani na nchi nyingi za Ulaya waliiacha kwa kuogopa sumu yake. Ilikuwa na sifa moja kubwa: bei yake ilikuwa ndogo kabisa. Kuanzia mwishoni mwa miaka ya 1950, Baraza la Utafiti wa Tiba la Uingereza na madaktari wa Kenya, Uganda na Tanganyika wakaanza kuijaribu kwa vipimo tofauti, kikubwa mno, kidogo mno, mpaka wakatua kwenye miligramu 150 pamoja na 300 za isoniazidi, zote ndani ya kidonge kimoja cha kumeza mara moja kwa siku. Wakiongeza sindano za streptomisini mwanzoni, matokeo yalikaribia ya matajiri. Nao hawakuishia hapo. Waliuliza nchi nyingine: je, kwenu inakuwaje? Jibu lilikuwa la ajabu. Katika baadhi ya nchi za Asia madhara yalikuwa mengi. Kwetu yalikuwa machache. Kidonge kile kile, watu tofauti. Kwa hiyo makubaliano ya wataalamu yakawa na mipaka ya kijiografia: kidonge hiki ni salama Nairobi na Dar es Salaam. Hakuna aliyeongeza, na hakuna aliyekuwa na sababu ya kuongeza, maneno "kwa sasa".

Kisha ikaja rifampisini, ghali mno, na pamoja nayo utafiti ambao kila mhudumu wa kifua kikuu duniani anaufuata, ajue asijue. Ulifanyika Kenya, Uganda, Tanzania na Zambia, na ripoti yake ya kwanza ilitoka mwaka 1972. Wagonjwa walipewa michanganyiko mbalimbali kwa miezi sita tu, wakilinganishwa na wale wa miezi 18. Mwezi wa sita makundi yote yalionekana mazuri, makohozi safi karibu kwa kila mtu. Daktari mwenye haraka angefunga faili na kusema zote sawa. Wao wakasubiri kuona ugonjwa utamrudia nani. Waliopewa streptomisini na isoniazidi pekee, uliwarudia asilimia 29. Ukiongeza thiasetazoni, 22. Ukiongeza pirazinamidi badala yake, 8. Ukiongeza rifampisini, 3, sawa na wale wa miezi 18.

Ukizitazama takwimu hizo utadhani mjadala uliishia hapo: rifampisini, miezi sita, twende kazi. Haukuishia. Kati ya matokeo ya utafiti na kadi ya mgonjwa kuna mtu anaitwa bei, na nyuma yake kuna mwingine anaitwa hofu.

Mwaka 1977 Tanzania ilianzisha Mpango wa Taifa wa Kudhibiti Kifua Kikuu na Ukoma, na mshauri wake alikuwa Karel Styblo, Mcheki aliyeambukizwa kifua kikuu katika kambi ya mateso ya Mauthausen wakati wa vita. Styblo hakuleta dawa mpya. Alileta daftari. Kila mgonjwa aliyeandikishwa katika robo mwaka alipaswa kupatikana mwishoni ndani ya safu mojawapo: amepona, amemaliza dozi bila kupimwa, ameshindwa na dawa, amekufa, mtoro, amehamia kwingine. Jumla ya safu ilipaswa kulingana na walioandikishwa. Hakukuwa na safu ya "sijui". Ofisi nyingi nilizozifahamu, za afya na zisizo za afya, ziliishi kwa hesabu ya waliokuja. Sisi tulidaiwa hesabu ya walioishia wapi. Nilichukia daftari hilo miaka ya mwanzo, hasa nilipokuwa kwenye pikipiki msimu wa mvua kumtafuta mtu mmoja ili safu zilingane.

Na mtu huyo mara nyingi alikuwa mzima, yuko shambani.

"Shikamoo mzee. Hukuja kliniki mwezi huu."

"Marahaba mwanangu. Nije kufanya nini? Mimi nimepona. Hizo dawa wape wagonjwa."

Alikuwa anasema kweli kwa jinsi mwili wake ulivyomwambia. Ule utafiti wa 1972 wenyewe ulionesha kwamba afya ya mwezi wa sita haisemi lolote kuhusu mwaka utakaofuata. Lakini jaribu kumweleza hivyo mtu mwenye jembe mkononi.

Kwa mgonjwa wa aina hiyo, Styblo na wenzake waliogopa kumkabidhi rifampisini aende nayo nyumbani. Ikimezwa ovyo, vimelea vitakuwa sugu, na nyuma ya rifampisini hapakuwa na kitu. Wakachagua njia ya katikati iliyokwishapimwa katika tafiti zilizofuata hapa kwetu: miezi miwili ya rifampisini na wenzake watatu mbele ya macho ya muuguzi, wengi wakiwa wamelazwa, halafu miezi sita ya kidonge chetu cha thiasetazoni na isoniazidi nyumbani. Minane. Ilianza kusambazwa mwaka 1982, na kufikia 1986 ilikuwa nchi nzima. Hesabu za madaftari yetu, pamoja na za Malawi na Msumbiji, zikafika kwa wachumi wa afya, na ripoti ya Benki ya Dunia ya mwaka 1993 ikaitaja tiba hiyo miongoni mwa njia za bei ndogo kuliko zote za kununua miaka ya uhai. Mwaka huo huo Shirika la Afya Duniani likatangaza kifua kikuu kuwa dharura ya dunia, na baada ya muda mfupi utaratibu wetu ukapewa jina la DOTS na kurudishwa kwetu katika semina, na chai na maandazi.

Wakati tunasifiwa, mambo yalikuwa yanaharibika. Mwaka 1983 Tanzania iliandikisha wagonjwa takriban 12,000. Katikati ya miaka ya 2000 walizidi 60,000. Ukimwi ulikuwa umeingia kifuani mwa watu. Na tukaanza kuona jambo ambalo mafunzo yetu yalisema ni la nadra: mgonjwa wiki chache baada ya kuanza kidonge anapata homa, vipele, vidonda mdomoni na machoni, kisha ngozi inababuka vipande. Wauguzi wa wodini ndio waliokuwa wa kwanza kunong'ona kwamba ni dawa. Baadhi yetu wenye vyeo tulisema ni ugonjwa wenyewe.

Jibu lilitoka Nairobi mwaka 1991, pale watafiti walipowapima virusi vya ukimwi wagonjwa wa kifua kikuu waliokuwa wakimeza thiasetazoni. Kati ya wenye virusi, mmoja katika kila watano alipata madhara ya ngozi. Kati ya wasio navyo, karibu mmoja katika mia. Baadhi walikufa kwa dawa, si kwa kifua kikuu. Kidonge hakikuwa kimebadilika hata chembe. Waliobadilika ni watu, na ile hukumu ya miaka ya 1960 kwamba ni salama kwetu ilikuwa ya kweli hadi watu hao walipobadilika.

Sasa sikiliza jinsi mwongozo ulivyojibu. Ushauri wa kimataifa ulisema: usimpe thiasetazoni mtu anayejulikana au kushukiwa kuwa na virusi, mpe ethambutoli. Maneno mazuri. Wilayani kipimo cha virusi hakikuwepo kwa kila mgonjwa, na ethambutoli iligharimu zaidi. Kwa hiyo "kushukiwa" ilimaanisha mganga wa zahanati kumtazama mtu usoni, kumwangalia alivyokonda, kumuuliza habari za mkewe na safari zake, kisha kuamua kwa macho nani atapewa kidonge gani. Waraka uliandikwa na watu wenye maabara, ukatekelezwa na watu wenye macho tu. Silaumu waandishi wake kwa kutokujua. Nawalaumu kidogo kwa kutouliza. Ilichukua miaka kabla kidonge hicho hakijaondoka kabisa kwenye kabati zetu, nafasi yake ikichukuliwa na isoniazidi pamoja na ethambutoli, bado kwa miezi sita ya mwisho, bado minane kwa jumla.

Minane hiyo nayo haikuwa imelinganishwa kwa kura na ile sita ya rifampisini mwanzo hadi mwisho. Ilipolinganishwa, katika vituo vya Afrika na Asia, matokeo yalitoka mwaka 2004: matokeo mabaya yalikuwa asilimia 10 hadi 14 kwa waliotibiwa miezi minane, na 5 kwa waliotibiwa sita. Mwaka 2010 mwongozo wa Shirika la Afya Duniani ukaagiza minane iachwe. Kutoka 1972 hadi 2010 ni miaka 38. Wapo wanaoita hiyo aibu. Mimi siiiti hivyo moja kwa moja, kwa sababu nimeona kabati la dawa likiwa tupu na nimeona watoro wa kweli, na hofu ya Styblo haikuwa ya kubuni: leo Kibong'oto inatibu pia wale ambao rifampisini haiwasaidii tena. Lakini nasema pia kwamba hofu ya kweli inaweza kukaa ofisini muda mrefu kuliko sababu yake. Kilichotusaidia kuachana na minane si hekima ya kamati. Ni kwamba kuna mtu aliyekubali kuipima tena tiba tuliyojivunia.

Na wanaendelea kupima. Mwaka 2021 ulitoka utafiti wa wagonjwa wapatao 2,500 wa nchi nyingi, Kenya na Uganda zikiwemo, ulioonesha kwamba miezi minne inatosha ukitumia rifapentini na moksifloksasini. Mwaka uliofuata Shirika la Afya Duniani likairuhusu kama chaguo. Kijana mmoja wa kliniki aliniuliza majuzi kwa nini basi bado anatoa sita, wakati ushahidi upo na watu wa Kampala na wa Kenya walichangia makohozi yao kuupata. Nikamwambia aanze kwa kuuliza rifapentini inauzwa bei gani, na nani ananunua.